Nilifuta, Afande

Hakuiba kitu, ndiyo nakwambia. Hata pamba hakuiba. Ungekuwa umekaa toka mwanzo usingeuliza, lakini wewe ulikwenda kuchungulia sufuria. Kaa hapo. Nitarudi nyuma kidogo kwa ajili yako, wenzako wanisamehe.

Yule mama wa usafi wa hospitali alikamatwa kwa sababu ya faili. Siyo faili la karatasi lile la kufunga kwa kamba. Mimi pia nilidhani hivyo, nikamwambia shangazi yenu, "Sasa faili si litafutwe tu kabatini?" Akacheka, na siku ile hakuwa na cha kumchekesha. Ni faili la ndani ya kompyuta. Halishikiki, halionekani, lakini likikosekana mambo yanasimama.

Kule hospitali kuna chumba cha damu. Damu inakaa kwenye mifuko, ndani ya friji, na kila mfuko lazima uwe na lebo: damu ya aina gani, imetoka kwa nani. Lebo hizo zilikuwa zinachapwa na kompyuta yenyewe, bila mtu kuigusa. Iliandikiwa maagizo siku moja tu, toka hapo kila alfajiri inafungua orodha, inachukua majina, inatuma kwenye kimashine kidogo, trrr, trrr, lebo zinatoka. Wenyewe walishazoea, hata salamu hawaipi.

Basi alfajiri moja ikagoma. Ikaandika maneno kwenye kioo kwamba kuna faili halioni, ikanyamaza. Na alfajiri hiyohiyo kuna mzazi ametoka kujifungua na damu inamwisha. Damu ipo kwenye friji, mifuko imejaa, lakini haina lebo, na nani atamtundikia mtu mfuko asioujua? Mpaka wapime upya, waandike kwa mkono, wahakikishe. Yule mzazi alipona, usikunje uso. Lakini alikwenda mpaka mlangoni akarudi. Na ndugu wa mumewe wakajaa getini wanataka waambiwe nani kafanya vile.

Sasa hapo ndipo shangazi yenu akaitwa. Wakati huo alikuwa mpelelezi mdogo tu, hata meza hana, anakalia ya mwenzake aliye likizo.

Mkuu wa kituo akamrushia jalada. "Kazi imeisha hii, wewe funga tu. Mtuhumiwa kakiri."

"Kakiri nini, mkuu?"

"Kufuta. Soma."

Shangazi yenu akasoma maelezo. Yalikuwa mafupi. *Ni kweli mimi nilifuta kompyuta ya chumba cha damu jana jioni. Nilifuta zote. Huwa nafuta kila siku.* Na dole gumba chini.

"Kila siku?" akauliza. "Kama anafuta kila siku, mbona imegoma leo?"

"Mimi fundi? Fundi anasema ni faili la maktaba. Nikamuuliza, hospitali yenu ina maktaba? Akasema maktaba ya kompyuta. Nikaandika maktaba." Akatazama saa ya ukutani. "Leo Ijumaa. Gari la mahabusu linaondoka alasiri. Likishamchukua, habari yake ni Jumatatu na hakimu. Wale ndugu getini wakisikia kapelekwa, wataondoka."

Kwa hiyo mnaona. Muda wenyewe ndiyo huo, toka asubuhi hadi alasiri.

Shangazi yenu anatoka, kwenye benchi la kituo anakuta kitoto cha kike, miaka kama mitano, kimekumbatia kiatu kimoja cha mamake. Jirani anayebakia naye alikuwa mgonjwa, ndiyo maana mama akaenda naye kazini, na alipokamatwa wakakokotwa wote. Askari wa zamu hajui akifanyeje. Shangazi yenu akakipakia kwenye pikipiki, akatuletea hapa hapa. "Baba, mama, mkaeni naye. Mpeni chakula." Akageuka, vumbi tu.

Chakula! Bibi yenu akapika wali, akapakua, mtoto akatazama sahani kama katazama ukuta. "Nitakula na mama." Basi. Bibi yenu akachukua kitambaa amfute makamasi, ilikuwa mifereji miwili mpaka kidevuni, lo! Mtoto akapiga yowe la kuita majirani. Akarudi nyuma mpaka kwenye pembe ya kabati. "Usinifute! Usinifute!" Bibi yenu akanitazama, na mimi namtazama yeye. Tukadhani labda huko kwao wanapigwa kwa kitambaa, maana siku hizi hujui.

Hilo liacheni kwanza. Tuje hospitalini.

Fundi wa kompyuta alikuwa kijana mwembamba, macho mekundu, anatetemeka mguu mmoja kama anashona cherehani. Faili alishalirudisha, alilinakili kutoka kompyuta ya ofisi nyingine. Kazi yote ilimchukua muda mfupi kuliko kunywa chai.

"Nieleze kama unamweleza baba yangu," shangazi yenu akamwambia. Alinitaja, ndiyo, na wala sikukasirika.

Fundi akajikuna. "Afande, hiyo maktaba ni faili la pamoja. Programu nyingi zinalitumia moja hilohilo. Programu ikitaka kazi ijiendeshe yenyewe, ifungue orodha, inakili, ichape, inakwenda kuchota humo namna ya kufanya. Bila hilo, maagizo yapo lakini hayana mikono."

"Kama bomba la uani kwenye nyumba ya kupanga. Vyumba kumi, bomba moja."

"Hivyo hasa. Na mtu kaling'oa."

"Kompyuta haiandiki nani kang'oa?"

"Inaandika jina la aliyeingia." Fundi akashusha sauti. "Wote wanaingia kwa jina moja. Na neno la siri..." Akanyoosha kidole. Pembeni ya kioo kuna kikaratasi kimebandikwa, neno la siri lipo hapo kwa herufi kubwa, karibu na picha ya paka.

"Siri kweli," shangazi yenu akasema. "Nani alikwambia ni mama wa usafi?"

"Msimamizi wa maabara. Alisema yeye alifunga kazi, akamwacha yule mama peke yake humu. Nikamwuliza yule mama, ulifuta hapa? Akasema ndiyo. Sasa mimi ningeuliza nini tena?"

Shangazi yenu akauliza nani hakuipenda ile kompyuta. Fundi akacheka kwa pua. "Huyo mbona hospitali nzima inamjua. Kalamu."

Kalamu alikuwa karani wa mapokezi. Zamani lebo zote aliandika yeye kwa mkono, mwandiko wa kupendeza, kila herufi imekaa kama imepigwa pasi. Kompyuta ilipokuja wakamsogeza mlangoni kuuliza watu majina. Na aliwahi kusema mbele ya watu, "Siku kidude hicho kikigoma, mtanitafuta." Sasa kimegoma, na kweli asubuhi ile walimtafuta, akaandika yeye. Shangazi yenu alimkuta bado ana wino vidoleni na kifua mbele.

"Ulijuaje kitagoma?"

Kifua kikarudi ndani. "Afande, ule ulikuwa mdomo tu. Mtu akinyang'anywa kazi anasema."

"Jana jioni ulikuwa wapi?"

"Kwaya. Tuko watu thelathini, waulize. Mimi ni sauti ya nne, nikikosekana wanajua."

"Kompyuta ya damu umewahi kuigusa?"

"Niiguse ili iweje? Hata kuiwasha sijui. Mimi mtoto wangu ndiye ananisomea ujumbe wa simu." Akafuta jasho. Halafu akasema, kama mtu anayetafuta kitu cha kutoa ili aachwe, "Lakini kuna jambo nimeliona. Asubuhi nilifungua kile kimashine nichukue karatasi za lebo niandikie. Utepe wa wino umekaribia kwisha. Jumatatu uliwekwa mpya, niliuona mimi unapokelewa. Sisi damu ya kuchapa lebo hizo zote kwa siku tano hatuna. Tungekuwa nayo, tungekuwa tunagawa mji mzima."

Shangazi yenu akaandika *utepe* kwenye kiganja chake. Simu ikalia. Ni mimi.

Mimi nilimpigia kwa jambo lingine kabisa. Nikamwambia, "Mwanangu, huyu mtoto hali. Wali umekuwa baridi mara ya pili. Na makamasi yamemkauka, hataki kufutwa."

"Hataki nini?"

"Kufutwa. Akiona kitambaa analia. Mama yako kamwuliza kwa upole, anasema wamemchukua mama kwa sababu alifuta. Anasema hata akifutwa yeye watakuja kumchukua bibi."

Nikadhani simu imekatika. "Haloo?"

"Baba," akasema, "alifuta kwa nini?"

"Kwa kitambaa, kwa nini kingine?"

Akakata. Hata kwaheri hakuniaga, na mimi nikabaki nimeshika simu, namwambia bibi yenu huyu mtoto tulimlea vibaya.

Kumbe ndiyo anapanda pikipiki. Alipofika kituoni alikwenda moja kwa moja kwa yule askari kijana aliyeandika maelezo.

"Ulimwulizaje?"

"Nilimwuliza, ulifuta kompyuta? Akasema nilifuta, afande. Nikamwuliza, zote? Akasema zote, na meza, na dirisha."

"Na meza na dirisha viko wapi humu?"

Kijana akatazama karatasi. "Niliona meza haihusiki."

Shangazi yenu alinihadithia kwamba alikaa chini kidogo hapo, maana alitaka kumpiga. Halafu akamwomba mkuu wa kituo wakutane ofisini kwake wote, yule mama naye akaletwa. Mwanamke mfupi, bado kavaa nguo ya kazi ya rangi ya buluu, khanga kiunoni, mguu mmoja una kiatu, mwingine hauna. Kitu cha kwanza, "Mwanangu yuko wapi?"

"Yuko nyumbani kwa wazazi wangu. Mzima. Dada, ona ile kompyuta ya mkuu pale. Ifute kama ulivyofuta ile ya chumba cha damu."

Yule mama akaogopa. Akamtazama mkuu, akatazama pingu. "Si ndiyo hilo nimefungiwa?"

"Futa tu, dada."

Hakuna kitambaa. Akachukua ncha ya khanga yake. Akafuta kioo, kwanza juu, halafu pembeni, taratibu. Akapita nyuma palipo na vumbi. Alipofika kwenye vile vibonyezo akaviruka, akafuta chini yake. "Hivi tulikatazwa kugusa," akasema. "Msimamizi alisema ukigusa hivi, unaharibu." Akamaliza kioo, akaendelea na meza, mkono wenyewe ulikuwa umeshazoea, akasogeza kikombe cha mkuu, akafuta alama ya chai iliyokuwa pale toka enzi za mkuu aliyepita.

Mkuu wa kituo akaitazama meza yake. Haijawahi kung'aa vile.

"Anajua kufuta," akasema polepole. "Sawa. Lakini hata mwizi anajua kushika kitambaa. Faili limeondoka, nani kaliondoa? Getini kuna watu. Nikimwachia huyu bila kuwa na mwingine, nitawaambia nini, kwamba lugha yetu ina matatizo?" Nje gari la mahabusu lilikuwa limeshafika, dereva anamimina maji kwenye rejeta. "Niletee mtu. Dereva akimaliza shughuli zake, anaondoka."

Yule mama akaanza kulia bila sauti. Akauliza jambo moja tu: "Mtoto kala?"

Shangazi yenu hakuweza kumdanganya. Akatoka.

Basi pikipiki tena mpaka hospitali. Akamwita fundi, wakafungua kile kimashine, wakatoa utepe. Sasa mimi sikujua, labda na nyinyi hamjui: ule utepe wa wino ni mweusi, na kila kinachochapwa kinatoka juu yake, kinaacha tundu la herufi. Ukiuinua kwenye mwanga unasoma yote yaliyopita, kama unavyosoma barua kupitia bahasha. Wakaupeleka dirishani, fundi anashika ncha hii, shangazi yenu ile, wanavuta.

Damu aina hii, damu aina ile, tarehe. Damu, damu, damu. Halafu fundi akasimama. "Hii nini?"

MEZA YA WAKWE.

Wakavuta. MEZA YA WAKWE tena. MEZA YA MARAFIKI WA BWANA HARUSI. KARIBUNI SANA. Bwana na Bibi fulani, Bwana na Bibi fulani, mita na mita za mabwana na mabibi. Na mwishoni: MEZA YA WAFANYAKAZI WA MAABARA.

"Nani anaoza hapa?" shangazi yenu akauliza.

Fundi akaachia ncha yake ya utepe. "Kesho. Msimamizi anaoza bintiye. Sote tumealikwa." Wala hakungoja kuambiwa, akaketi kwenye kompyuta, akaanza kuchimba. Baada ya kidogo akapata, imebaki kama kibanda kilichohamwa: jina la programu ya kutengeneza kadi na majina ya wageni, ndani yake patupu. Akajipiga kwenye paji la uso. "Mimi nilitafuta mkono wa mtu kwenye faili. Sikutafuta programu iliyoondoka. Afande, programu hii nayo inajichapia yenyewe. Ilipoingia ilikuja na faili lake la jina hilohilo, ikaliweka juu ya lile letu. Ilipoondolewa..."

"Mpangaji kahama na bomba."

"Kahama nalo. Lakini haihami kimyakimya. Inauliza kwanza."

Msimamizi wa maabara alikuwa ofisini kwake, mlango nusu wazi, suti mpya imetundikwa ukutani ndani ya mfuko wa nailoni. Mtu mzima, mvi za heshima, mkono juu ya simu.

"Hongera kwa harusi, mzee," shangazi yenu akasema.

"Ahsante, mwanangu. Nani kakwambia?"

Akaweka utepe mezani, ukajikunjua mpaka ukaanguka sakafuni. Mzee akautazama. Hakuuliza ni nini.

"Wakaguzi wanakuja wiki ijayo," akasema mwishoni. "Nikaona wasikute mambo ya harusi kwenye kompyuta ya damu. Nikaitoa ile programu jana jioni. Basi."

"Ilikuuliza kitu?"

"Iliuliza mengi."

"La mwisho, mzee."

"Ilisema faili hili linatumiwa kwa pamoja, huenda wengine wanalihitaji. Niliondoe? Mke wangu ananipigia simu, mpambaji ananipigia simu. Nikabonyeza ndiyo. Nilitaka iniache."

"Hilo ni kosa la haraka. Sasa la pili. Asubuhi ulipomwona yule mama anapandishwa garini, na mtoto nyuma yake?"

Mzee akageuka kutazama suti yake. "Alishasema mwenyewe kwamba kafuta. Nikafikiri, labda kweli naye alifuta kitu."

"Ulifikiri hivyo?"

"Hapana," akasema. Halafu akawa anasema kwa sauti ya chini kabisa, "Afande, kesho naoza."

"Na yeye leo hajamlisha mwanawe. Chukua kalamu, mzee. Uandike mwenyewe, mimi sitaki mtu akuandikie."

Akaandika. Aliandika polepole, shangazi yenu amesimama, anasikia saa ya ukutani ikigonga. Akapiga simu kituoni, haipokelewi. Akapiga tena. Haipokelewi. Akapiga kwa askari kijana, huyo akapokea anahema: "Afande, wameshawapakia!"

"Lala mbele ya gari!"

"Nini?"

"Lala chini, useme tumbo linauma, fanya lolote!"

Na alilala, msicheke. Alilala mbele ya tairi kwenye uwanja wa kituo, kashika tumbo, na sare yake. Mkuu katoka anapiga kelele, dereva anapiga honi, ndiyo pikipiki inaingia na shangazi yenu kaichomeka ile karatasi kifuani. Mkuu akaisoma kwa kusimama. Akaisoma tena. Akamtazama yule kijana chini, akamwambia, "Wewe inuka, kesho utaandika neno *na meza* mpaka mkono uchoke." Halafu akafungua mwenyewe mlango wa gari.

Yule msimamizi aliitwa kituoni jioni hiyohiyo, akajibu yaliyompasa. Harusi ilifanyika, bintiye hana kosa, lakini meza ya wafanyakazi wa maabara nasikia ilikaa wazi.

Hapa nyumbani sisi hatujui lolote. Wali umepashwa mara ya tatu, chini umeshika sufuria. Bibi yenu ananigombeza kana kwamba mimi ndiye niliyeng'oa bomba. Mtoto yuko palepale kwenye pembe ya kabati na kiatu chake. Tukasikia pikipiki. Mtoto akanyanyua kichwa. Mlango ukafunguliwa, akaingia mwanamke mwenye kiatu mguu mmoja tu.

Mtoto akatembea, hakukimbia, akatembea mpaka kwa mamake, akaweka kiatu chini karibu na ule mguu mtupu, akangoja akivae. Mama akakivaa. Kisha akapiga magoti, akamtazama yale makamasi yaliyokauka toka asubuhi, akainua ncha ya khanga. Mkono ukasimama hewani. Akageuka kumtazama shangazi yenu, kama anaomba ruhusa.

"Futa, dada," shangazi yenu akamwambia. "Futa tu."

Akafuta. Shavu hili, shavu lile, chini ya pua. Mtoto katulia kimya, macho mlangoni, anangoja kama kuna mtu atakuja. Hakuja mtu.

"Haya," bibi yenu akasema, "wali unapoa tena, mimi sipashi mara ya nne." Akasogeza viti. Askari kijana, maana naye alikuja, ndiye aliyeendesha pikipiki, vumbi toka kichwani mpaka mgongoni, akaambiwa anawe. Shangazi yenu akavua viatu. Mtoto akapanda mapajani kwa mama, akavuta sahani ile ile ya asubuhi akaiweka mbele yao wote wawili. Na sisi tukakaa.